Dakika Kumi za Ukimya: Sauti ya Msimulizi katika Filamu Fupi za Hali Halisi za Italia, 1943–1955

Utangulizi

Uhakiki wa sinema ya Italia ya baada ya Vita Vikuu vya Pili vya Dunia umejengwa, kwa sehemu kubwa, juu ya filamu ndefu chache. Anayeuzungumzia uhalisia mpya huanza na Roma città aperta ya Roberto Rossellini (1945), akapitia Ladri di biciclette ya Vittorio De Sica (1948), kisha akakomea kwenye Umberto D. ya De Sica huyo huyo (1952). Kando ya kazi hizo zilikuwapo filamu nyingine nyingi zenye urefu wa dakika kumi hivi. Zilionyeshwa katika majumba yale yale ya sinema kabla ya filamu kuu, na mara nyingi zilisahauliwa pindi filamu kuu ilipoanza. Hizi ndizo zinazoitwa hapa filamu fupi za hali halisi, yaani filamu zinazochukua watu, kazi na mahali kama zilivyo, na ambazo kwa kawaida hazitegemei waigizaji wa kulipwa.

Filamu hizi zinapotajwa na wahakiki, aghalabu hutajwa kama mazoezi. N.U. ya Michelangelo Antonioni (1948) husomwa ili kutafuta ndani yake mbegu za L'avventura (1960). Kazi fupi za Vittorio De Seta kuhusu Sicilia nazo husomwa kama maandalizi ya filamu yake ndefu Banditi a Orgosolo (1961). Mwanafunzi wa fasihi ya Kiswahili hatashangazwa na mkabala huu, kwani hadithi fupi nayo imewahi kutendewa vivyo hivyo: ikachukuliwa kuwa ngazi ambayo mwandishi chipukizi huipanda ili afike kwenye riwaya. Katika hali zote mbili kosa ni lile lile. Utanzu mmoja unapimwa kwa kanuni za utanzu mwingine, na kile ambacho utanzu huo pekee unaweza kukitenda hakionekani.

Makala haya yanadai kwamba filamu fupi za hali halisi za Italia zilikuwa na tatizo lao wenyewe la kisanaa, nalo ni tatizo la sauti ya msimulizi. Nani aseme juu ya picha za watu maskini, na aseme kiasi gani? Swali hili lilikuwa zito katika nchi ambayo ilikuwa imetoka katika miaka ishirini ya utawala wa kifashisti, ambapo sauti hiyo ilikuwa chombo cha dola. Yanadai vilevile kwamba waongozaji walio bora walijibu swali hilo kwa kuipunguza sauti hiyo hadi ikakaribia kutoweka, na kwamba jibu lao, pamoja na heshima lililowapa wahusika, lilikuwa na gharama ambayo haipasi kufichwa. Ili kuuthibitisha msimamo huu, zitajadiliwa Gente del Po na N.U. za Antonioni, kisha zilinganishwe na kazi za Michele Gandin na De Seta.

Sheria, Soko na Ufupi

Haiwezekani kuizungumzia fani ya filamu hizi bila kuyazungumzia mazingira ya utoaji wake, kwani ufupi wake haukuchaguliwa na wasanii peke yao. Amri ya serikali ya Oktoba 1945 iliwatengea watayarishaji wa filamu fupi za hali halisi asilimia 3 ya mapato ya tiketi za maonyesho ambamo filamu zao zilishirikishwa, na utaratibu huo ukaendelezwa katika sheria ya 1947. Kutokana na mpango huu kulizuka mazoea ya kutengeneza filamu za takriban dakika 10, urefu ambao ulitosha kuistahikisha filamu kupata fungu hilo bila kumchelewesha mwenye jumba la sinema. Waitalia wenyewe waliupa mtindo huu jina la kanuni ya kumi.

Matokeo ya mpango huu yalikuwa na sura mbili. Kwa upande mmoja, vijana ambao wasingepata kamwe fedha za kutengenezea filamu ndefu walipata kazi. Antonioni, Dino Risi, Luciano Emmer, Francesco Maselli na wengine wengi walijifunza ufundi wao humu. Barboni ya Risi, inayowahusu watu wasio na makao katika jiji la Milano, ni ya mwaka 1946, yaani miaka kadhaa kabla ya mwongozaji huyo kujulikana kwa vichekesho vyake. Kwa upande wa pili, mapato ya filamu fupi hayakutegemea ubora wake hata kidogo. Yalitegemea filamu ndefu iliyofuatana nayo. Filamu dhaifu juu ya chemchemi za Roma ikiwekwa mbele ya filamu ndefu iliyopendwa na umma, iliingiza fedha nyingi kuliko kazi ya maana iliyowekwa mbele ya filamu isiyotazamwa. Aliyejua kujipenyeza kwa wasambazaji ndiye aliyefaidi. Ndiyo maana nyingi kati ya filamu hizo zilihusu magofu, makanisa, sherehe za vijijini na mandhari: mambo yasiyomuudhi yeyote na yasiyodai muda mrefu wa kupiga picha.

Mambo yasiyomuudhi yeyote yalikuwa pia yale yaliyoipendeza serikali. Sheria ya Desemba 1949, ambayo huhusishwa na Giulio Andreotti, msaidizi wa waziri mkuu aliyekuwa na mamlaka juu ya maonyesho, iliutia nguvu mkono wa dola katika kuamua kazi zipi zistahili msaada. Mwaka 1952 Andreotti huyo huyo alimlaumu De Sica hadharani, kwa maandishi, kwa sababu ya sura ya Italia iliyojitokeza katika Umberto D. Ikiwa mwongozaji mwenye sifa duniani aliweza kukemewa namna hiyo, basi kijana mwenye filamu ya dakika kumi, anayeningojea asilimia tatu yake, alijua fika nini kilichokuwa hatarini.

Kulikuwa na urithi mwingine. Taasisi ya LUCE, iliyoanzishwa mwaka 1924, ilikuwa imeyajaza majumba ya sinema filamu za habari za utawala wa Mussolini, na kuanzia mwaka 1926 maonyesho ya filamu zake yalikuwa ya lazima. Sauti ilipoingia katika sinema, filamu hizo zilipata mtangazaji ambaye hakuwahi kuwa na shaka. Alijua kila kitu: mkulima anafikiri nini, mama anafurahia nini, taifa linaelekea wapi. Kwa istilahi za usimulizi, huyu alikuwa msimulizi maizi katika hali yake ya kupindukia, kwani umaizi wake haukuishia kwenye kisa bali ulienea hadi kwenye nafsi za watu halisi ambao hawakuulizwa lolote. Vita vilipokwisha, LUCE ilipoteza nafasi yake, lakini mtindo wa sauti ile haukufa. La Settimana Incom, mfululizo wa filamu za habari ulioanza mwaka 1946, uliurithi kwa kiasi kikubwa. Hivyo mwongozaji kijana wa baada ya vita alipoketi kuandika maneno ya kusindikiza picha zake, alikuta kalamu imekwisha kushikwa na mtu mwingine.

Gente del Po: Msimulizi Anayepungukiwa na Maneno

Antonioni alizaliwa Ferrara mwaka 1912, katika bonde la Mto Po. Mnamo Aprili 1939 alichapisha katika jarida la Cinema makala juu ya filamu ambayo ingeweza kutengenezwa kuhusu mto huo, akijiuliza iwapo ulifaa filamu ya hali halisi au filamu yenye kisa cha kubuni. Swali hilo halikuwa la kinadharia tu, kwani alilirudia kwa kamera mwaka 1943 alipoanza kupiga picha za Gente del Po, yaani "Watu wa Po". Ni wakati huohuo ambapo Luchino Visconti alikuwa akishughulika na Ossessione katika eneo lilo hilo. Vita vilikatiza kazi ya Antonioni. Sehemu kubwa ya mikanda aliyoipiga ilipotea au kuharibika, na yaliyosalia aliyaunganisha mwaka 1947 yakawa filamu ya dakika kumi hivi.

Filamu inaufuata msafara wa mashua za mizigo unaoshuka mto kuelekea baharini. Katika mashua mojawapo mna familia: mume, mke na binti yao mgonjwa. Mama anashuka katika mji ulio kando ya mto kutafuta dawa, na safari inaendelea. Mwishoni mto unafika kwenye delta, ambako watu wanaishi katika vibanda vya makuti na matete; dhoruba inavuma, maji yanapanda, na wakazi wanalazimika kuvinusuru vichache walivyo navyo.

Kwa mujibu wa kanuni za kawaida za ploti, kuna mambo mawili hapa yasiyounganishwa vizuri: ugonjwa wa mtoto na mafuriko ya delta. Mhakiki mwenye haraka atasema kwamba kisa kimevunjika. Ni kweli kwamba mvunjiko huo kwa kiasi fulani ni kazi ya vita, na haifai kumpa msanii sifa ya jambo lililotendwa na maafa. Hata hivyo, mwaka 1947 Antonioni alikuwa na njia rahisi ya kuuziba ufa huo. Angeweza kumwamuru msimulizi aeleze: mtoto alipona au hakupona, familia iliokoka au haikuokoka, serikali itajenga kingo au haitajenga. Sauti ya msimulizi imo katika filamu, ila haiitendi kazi hiyo. Inataja mahali, shughuli na mwendo wa siku, kisha inanyamaza. Picha inabaki na uzito wake: uso wa mtoto akiwa amelala, maji yakijongea mlangoni.

Inafaa kulinganisha na sehemu ya mwisho ya Paisà ya Rossellini (1946), ambayo nayo hutukia katika delta ya Po. Rossellini anayatumia matete na maji hayo kama uwanja wa mapambano ya wapiganaji dhidi ya Wajerumani, na mtazamaji anatoka akijua nani aliuawa na kwa sababu gani. Katika Gente del Po hakuna adui wa kutajwa. Umaskini wa wakazi wa delta haukuanza na vita wala hautakwisha navyo, na hiyo ndiyo habari ambayo filamu za habari za zama zile, za kabla na za baada, hazikuwa na namna ya kuisema. Sauti iliyozoea kutangaza ushindi haikuwa na msamiati wa mafuriko yanayorudi kila mwaka. Upungufu wa maneno katika Gente del Po ni mwanzo wa unyofu.

N.U.: Herufi Mbili na Watu Wasio na Majina

Katika N.U. unyofu huo unakuwa mbinu kamili. Filamu hii ya dakika zisizozidi 12 inawafuata wafagiaji wa barabara za Roma kuanzia alfajiri hadi jioni. Jina lake ni kifupisho cha Nettezza Urbana, "usafi wa mji", idara iliyowaajiri. Uteuzi wa anwani hii una kinaya kizito. Watu wanaooneshwa hawana majina katika filamu. Kilicho na jina ni idara, nayo pia imefupishwa ikawa herufi mbili.

Mwanzoni sauti ya msimulizi inasikika kwa muda mfupi. Inamdokezea mtazamaji kwamba watu hawa hupitwa kama vitu visivyo na uhai, ilhali hakuna anayeshiriki maisha ya mji kuliko wao. Baada ya hapo sauti hairudi tena. Kinachosalia ni picha na muziki wa Giovanni Fusco, ambamo vipande vya piano hukutana na jazi. Wafagiaji wanatoka asubuhi na vifaa vyao. Wanapanda na kushuka ngazi wakiwa na magunia. Mwanamume na mwanamke wanazozana barabarani, karatasi zinatupwa chini, na ufagio unazipitia. Wafanyakazi wanakula chakula cha mchana pale walipo. Nje ya mji taka zinamwagwa, na nguruwe wanazichakura. Jioni inaingia, nao wanarejea.

Antonioni alieleza baadaye kwamba katika filamu hii alitaka kuepuka mpango uliokuwa umezoeleka katika filamu za hali halisi, ambapo picha hupangwa kwa makundi, kila kundi likiwa na mwanzo, kati na mwisho wake. Alitaka uunganishaji ulio huru, wa vipande vinavyojitegemea. Kauli hii imewafanya wahakiki wengi wauone mtindo wa N.U. kama suala la umbo tupu. Lakini mpango ule alioukataa ulikuwa na uhusiano wa moja kwa moja na sauti ya msimulizi. Picha zinapopangwa kwa makundi yenye hoja, ni msimulizi anayezipa hoja hiyo. Picha huwa mifano ya kauli yake. Ukimwondoa msimulizi na kuuacha mpango, filamu hubaki kama hotuba iliyokatwa ulimi. Ilibidi basi vyote viwili viondoke pamoja. Uhuru wa kuunganisha picha ulikuwa sharti la ukimya.

Tukio la karatasi lafaa kutazamwa kwa makini zaidi, kwa kuwa ndani yake mna filamu nzima. Wanaogombana ni watu walio na kisa: kuna lililotokea kati yao, na kuna litakalofuata. Katika filamu ya kawaida hao ndio wangekuwa wahusika wakuu, na mfagiaji angepita nyuma yao kama pambo la barabara. Hapa mpango umegeuzwa. Kamera haiwafuati wagomvi kwenda kwao ili kujua chanzo cha ugomvi. Inabaki na mabaki. Mfagiaji anakigusa kila kisa cha mji mahali kinapoishia, na hapewi hata kimoja chake. Hili lingeelezwa kwa maneno lingekuwa kauli ya huruma, na huruma ya msimulizi humweka mhusika chini yake. Kwa kuwa halikuelezwa, mtazamaji analazimika kulitambua mwenyewe, na katika kulitambua anakumbuka ni mara ngapi yeye pia amepita bila kutazama.

Kwamba ukimya huu ulikuwa uamuzi unaotokana na maudhui, wala si alama ya kudumu ya mtindo wa msanii, kunathibitishwa na L'amorosa menzogna (1949). Filamu hiyo inahusu hadithi za picha zilizochapishwa katika majarida ya kila wiki, ambazo zilikuwa zimevuma mno Italia tangu mwaka 1947. Msomaji wa Afrika Mashariki anayeyakumbuka majarida ya hadithi za picha ya mwishoni mwa miaka ya 1960, kama vile Film Tanzania, atautambua utanzu huo mara moja: nyuso za waigizaji, maneno yaliyoandikwa juu ya picha, mapenzi na vituko. Hapa Antonioni anamrudisha msimulizi, tena kwa sauti yenye kejeli. Ulimwengu wa majarida hayo umejaa maneno, na maneno hujibiwa kwa maneno. Wafagiaji hawakuwa wamemtangazia mtu uongo wowote. Kuwakejeli kusingewezekana, na kuwasifu kungekuwa ni kuirejea sauti ya LUCE. Ukimya ulikuwa ndio njia iliyosalia.

Gharama ya Ukimya

Hata hivyo, ni wajibu wa uhakiki kuuliza swali ambalo mashabiki wa N.U. hawapendi kuliuliza. Ikiwa msimulizi amenyamaza, je, wafagiaji wamezungumza? Hawajazungumza. Mtazamaji anaondoka bila kujua wanalipwa kiasi gani, wanaishi wapi, wana chama cha wafanyakazi au hawana, wanaionaje kazi yao. Filamu ni ya 1948, mwaka ambao uchaguzi wa Aprili uliigawa Italia kati ya Wakristo wa Kidemokrasia walioshinda na muungano wa Wakomunisti na Wasoshalisti walioshindwa. Hakuna hata unyoya wa mtafaruku huo katika barabara ambazo kamera ilizipita. Mhakiki wa mrengo wa kushoto angekuwa na haki ya kusema kwamba kunyamaza kwa msanii kulimfaa mwenye nguvu, kwani picha isiyo na maelezo haikatazwi na kamati yoyote.

Tena, ukimya wa N.U. si mtupu. Muziki wa Fusco unazungumza. Jazi inapoingia juu ya picha ya mzoataka, kuna mtu amekwisha kuamua jinsi picha hiyo itakavyohisiwa, na mtu huyo si mzoataka. Msimulizi maizi amefukuzwa mlangoni akarudi kwa dirisha akiwa amebeba saksofoni. Dai kwamba filamu isiyo na maelezo huacha uhalisi ujisemee halina msingi. Kila picha imeteuliwa, imekatwa na kupewa jirani.

Uzito wa pingamizi hili unaonekana tukiiweka N.U. kando ya Cristo non si è fermato a Eboli ya Michele Gandin (1952). Anwani yake ni jibu kwa kitabu mashuhuri cha Carlo Levi cha mwaka 1945, ambacho jina lake lilidai kwamba Kristo alikomea Eboli, yaani kwamba Kusini mwa Italia kuliachwa nje ya ustaarabu na historia. Gandin anakana: hakukomea. Filamu yake inaonesha juhudi za kuwafundisha watu wazima wa Kusini kusoma na kuandika. Kazi kama hiyo haiwezi kunyamaza. Ina jambo la kushawishi, na inamhitaji mtazamaji aelewe kwamba hali anayoiona ina sababu na ina tiba. Msimulizi hapa ni mwalimu, na ualimu si dhambi. Aidha, kuna jambo la kimantiki katika kuyatumia maneno kwa filamu inayohusu watu wanaoyatafuta maneno yaliyoandikwa.

Lakini kuna tofauti ambayo haina budi kubainishwa. Filamu ya Gandin inatimiza lengo lake mradi tu mtazamaji aafikiane nayo, na kampeni yake ilipokwisha sehemu kubwa ya haja yake iliisha. Filamu ya Antonioni haikuwa na kampeni. Haimwambii mtazamaji la kufanya, na kwa hiyo haimwachilii pia. Anayekubali hoja hujiona ameshatimiza wajibu. Aliyeoneshwa mtu tu, bila hoja, hana wajibu uliotimia wa kujiliwaza nao. Gharama ya ukimya ni kwamba sababu za umaskini hazitajwi. Faida yake ni kwamba maskini hageuzwi kuwa ushahidi wa maneno ya mtu mwingine. Mhakiki anayeona upande mmoja tu wa mizani hii hajaitendea haki filamu hata moja kati ya hizo mbili.

De Seta na Sauti ya Kazi

Miaka michache baadaye njia ya tatu ilifunguliwa. Vittorio De Seta, mzaliwa wa Palermo (1923–2011), alianza mwaka 1954 mfululizo wa filamu fupi za rangi kuhusu wavuvi, wachimba madini na wakulima wa Sicilia. Miongoni mwazo ni Lu tempu di li pisci spata, Isole di fuoco, ambayo ilituzwa Cannes mwaka 1955, Surfarara na Contadini del mare. Kila moja ina urefu wa dakika kumi hivi, kwa hiyo bado kanuni ya kumi inatawala. Maandishi machache hutokea mwanzoni kutaja mahali na kazi. Baada ya hapo hakuna msimulizi, na hakuna muziki ulioletwa kutoka studio.

Kinachosikika ni sauti zilizorekodiwa na De Seta mahali penyewe kwa kinasa sauti, kisha zikaunganishwa kwa uangalifu na picha. Katika Lu tempu di li pisci spata, mlinzi aliye juu ya mlingoti katika Mlango wa Messina anapaza sauti anapomwona samaki, na wapiga makasia wanaitikia kwa mwendo wa mikono. Katika Contadini del mare, wavuvi wa jodari wanavuta nyavu nzito kwa mpigo wa nyimbo zao za kazi, ziitwazo cialome: mmoja anaanzisha, wengine wanapokea. Katika Surfarara, sauti za migodi ya salfa na za wachimbaji ndizo zinazoujenga mwendo wa siku.

Mwanafunzi wa fasihi simulizi ana nyenzo bora ya kuzielewa filamu hizi kuliko mhakiki aliyefunzwa kwa sinema pekee, kwa kuwa anajua hodiya ni nini. Anajua kwamba wimbo wa kazi hauielezi kazi wala hauipambi; ni sehemu ya kazi yenyewe. Bila wimbo nyavu hazipandi. De Seta alipoziweka nyimbo na miito hiyo mahali palipokuwa pa msimulizi, aliigawa upya nafasi ya usemi katika filamu. Wavuvi sasa wanasikika, tena katika lahaja yao, na hakuna anayewatafsiria maana ya maisha yao. Ule ufa wa N.U., ambapo msanii alinyamaza na wahusika nao wakanyamaza, umezibwa kwa kiasi fulani.

Ni kwa kiasi fulani tu. Wavuvi wanaimba na kuitana, ila hawajadili. Bei ya samaki, mwenye mashua, kijana anayetaka kuhama: hayo hayamo katika wimbo, na kwa hiyo hayamo katika filamu. Zaidi ya hayo, nyimbo hizo zilikuwa za ulimwengu uliokuwa ukitoweka, na De Seta alilijua hilo. Filamu hizo zilipokusanywa na kurejeshwa katika ubora wake miaka mingi baadaye, zilitolewa pamoja chini ya jina linalomaanisha ulimwengu uliopotea. Sauti iliyopewa nafasi yake inaweza kuwa ile iliyo mbioni kuzimika, na msikilizaji akavutwa na uzuri wake hata asiulize nani aliyeizima.

Hitimisho

Mjadala huu umeonesha kwamba filamu fupi za hali halisi za Italia hazikuwa ukumbi wa kungojea filamu ndefu. Zilikuwa utanzu wenye masharti yake: dakika kumi, fungu la mapato lililotegemea kazi ya mwingine, jicho la serikali, na urithi wa sauti iliyochafuliwa na ufashisti. Ndani ya masharti hayo Antonioni aliipunguza sauti ya msimulizi hadi ikabaki tamko la mwanzo, Gandin aliitumia kwa ualimu wa dhati, na De Seta aliikabidhi nafasi yake kwa sauti za kazi. Ufupi ulizisaidia kazi hizi. Ukimya wa dakika kumi huweza kuvumiliwa na mtazamaji ambaye hakuja kwa ajili yake. Ukimya wa saa nzima usingepata mtu wa kuulipia. Ni hoja inayostahili kukumbukwa na kila anayedhani kwamba ufupi ni upungufu.

Kuna funzo hapa kwa uhakiki wa fasihi ya Kiswahili pia. Mazoea ya kuuliza, mbele ya kila kazi, ujumbe wake ni upi na msimamo wa mwandishi uko wapi, yamezaa uchambuzi mwingi wenye manufaa. Lakini swali hilo humpendelea msimulizi anayesema. Likielekezwa kwa N.U. litarudi mikono mitupu, na mhakiki ataihukumu kazi kuwa haina msimamo, ilhali msimamo wake umo katika kile ilichokataa kukisema kwa niaba ya wengine. Swali la ujumbe halina budi kutanguliwa na lingine: katika kazi hii ni nani aliyepewa nafasi ya kusema, nani aliyenyimwa, na kunyamaza kwa kila mmoja kunamfaidi nani? Jibu la filamu hizi kwa swali hilo halikukamilika. Wafagiaji wa Roma hawajapata bado kusikika katika filamu iliyowatazama kwa heshima kubwa kiasi hicho, na hakuna mhakiki anayeweza kuwasemea bila kurejea kosa ambalo Antonioni alijitahidi kulikwepa.